Filamu Inayovumishwa: Tuwafundishe Watoto Wetu Kuhakiki, Kungoja na Kulipia

Sifa zote njema ni za Allah (S.W.), na rehma na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), aali zake na Masahaba zake. Ama baada ya hayo.

Waswahili husema, lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Methali hii ina ukweli wake katika mambo mengi, lakini katika zama hizi za simu za mkononi imegeuzwa kuwa mtaji wa matapeli. Kitu huvumishwa kwamba kipo, watu wakakimbilia kukitafuta, na kabla hakijaja wapo waliokwisha kukiuza. Ijumaa hii tunakusudia kuuzungumzia mfano mmoja ambao huenda wazee wakauona mdogo, nao ni filamu za katuni. Watoto husikia shuleni kwamba katuni fulani imetoka sehemu mpya, wakarudi nyumbani wakitushika kanzu na mabuibui tuwatafutie. Sisi tunaliona jambo hili si dogo, kwa sababu ndani yake mna mambo matatu makubwa: ukweli wa habari, haki ya mali ya mtu, na malezi ya mtoto anayetutazama tunavyoyatenda hayo mawili.

Uvumi wa miaka kumi na minne

Tuchukue mfano wa filamu ya Shrek, ile ya zimwi la kijani ambalo watoto wengi wa mijini wanalifahamu. Filamu ya kwanza ilitolewa na DreamWorks ya Marekani mwaka 2001, na mwaka uliofuata ikapata tuzo ya Oscar ya filamu bora ndefu ya katuni, tuzo ambayo ndiyo kwanza ilikuwa imeanzishwa. Ikafuatiwa na sehemu ya pili mwaka 2004, ya tatu mwaka 2007 na ya nne mwaka 2010. Hiyo ya nne ilinadiwa kuwa ndiyo ya mwisho.

Hata hivyo, maneno hayakukoma. Mwaka 2016 kampuni ya NBCUniversal ilipoinunua DreamWorks Animation, uvumi wa sehemu ya tano ukapamba moto. Desemba 2022 ikatoka filamu ya yule paka mwenye viatu, na mwishoni mwake mashujaa wanaonekana wakisafiri kuelekea katika ufalme wa akina Shrek. Watu wakalichukua hilo kuwa ni hakika. Lakini tangazo rasmi lenye tarehe halikuja mpaka Julai 2024, na tarehe yenyewe ilikuwa 1 Julai 2026. Mwanzoni mwa mwaka 2025 ikasogezwa hadi 23 Desemba 2026. Agosti 2025 ikasogezwa tena hadi 30 Juni 2027.

Natupige hesabu, wasomaji wapenzi. Kutoka mwaka 2010 hadi 2024 ni miaka kumi na minne ya maneno bila ya tarehe. Kisha zikaja tarehe tatu ndani ya miezi kumi na mitatu. Basi yule aliyesimama kibandani, au katika kundi la simu, akasema "sehemu ya tano ninayo, lete flashi nikuwekee" katika miaka hiyo yote, alikuwa akiuza nini? Aliuza filamu ya zamani iliyobadilishwa jina, au vipande vilivyoungwa na mashabiki, au faili lenye virusi. Mnunuzi wake alipata hasara ya fedha, na pengine ya simu pia.

Jambo hili limezidi uzito tangu zilipokuja programu za akili bandia. Sasa mtu aliyeko chumbani mwake anaweza kutengeneza kionjo cha filamu ambayo haipo, chenye sura na sauti zinazofanana na za kweli. Vionjo hivyo vimetazamwa na mamilioni ya watu. Machi 2025 ilifahamika kwamba YouTube imezikatia fedha za matangazo baadhi ya chaneli kubwa zilizokuwa zikitengeneza vionjo vya namna hiyo. Ikiwa watu wazima wanadanganyika, mtoto wa miaka minane atanusurika vipi?

Qur'ani Tukufu, katika Suratul-Hujurat, aya ya 6, inatuamuru tuihakiki habari inapoletwa na mtu asiyeaminika, tusije tukawadhuru watu kwa kutojua. Aya ile ilishuka katika jambo zito kuliko katuni, na hatutaki kuishusha hadhi yake. Lakini tabia ya kuhakiki haina mlango wa mambo makubwa na mwingine wa mambo madogo. Mtoto aliyezoea kuuliza "nani kasema, na kasema lini?" katika habari ya filamu, ndiye atakayeuliza hivyo hivyo siku atakapoletewa uvumi juu ya jirani yake au juu ya imamu wake.

Kuhakiki kwenyewe si kugumu. Kwanza, atazame kama kampuni yenye filamu imetangaza kwa jina lake yenyewe. Pili, atazame tarehe ya habari, kwani habari nyingi za zamani huzungushwa upya kama kwamba ni za leo. Tatu, asome maandishi madogo yaliyo chini ya kionjo, maana watengenezaji wengi wa vionjo vya kubuni huandika hapo kwamba ni kazi ya shabiki, wakijua kwamba hakuna atakayesoma.

Kwa nini haifiki kwetu siku moja

Wazazi wengine husema: filamu kweli imetoka, watu wa Ulaya wanaitazama, mbona sisi hatuioni? Hapa inafaa tufahamu biashara hii inavyokwenda. Filamu kubwa huuzwa kwa zamu. Zamu ya kwanza ni ya majumba ya sinema. Ya pili ni ya kuinunua au kuikodi kwa njia ya intaneti, na diski zake. Ya tatu ni ya huduma za kulipia kwa mwezi. Ya mwisho ni ya televisheni za kawaida. Moana 2, kwa mfano, iliingia katika sinema za Marekani tarehe 27 Novemba 2024, ikaanza kuuzwa huko kwa njia ya intaneti tarehe 28 Januari 2025, na ikaingia katika huduma ya Disney+ tarehe 12 Machi 2025. Ni miezi mitatu na nusu kutoka mlango wa kwanza hadi wa tatu. Aliyekosa fedha za mlango wa kwanza alichotakiwa ni kungoja tu.

Aidha, haki za kuonyesha filamu huuzwa nchi kwa nchi. Netflix ilifunguliwa katika nchi zetu Januari 2016, ilipojitandaza katika nchi 130 kwa siku moja. Disney+ ilifika Afrika Kusini Mei 2022, na Oman pamoja na nchi nyingine za Ghuba Juni 2022, ambapo Tanzania na Kenya hazikuwamo. Hivyo basi watoto wa ndugu zetu walioko Maskati wakawa na mlango ambao binamu zao wa Unguja na Mombasa hawakuwa nao. Hili linaudhi, na mtu ana haki ya kulalamika. Lakini kulalamika kwamba duka halijafunguliwa mtaani kwetu ni jambo moja, na kuvunja ghala la mwenye duka ni jambo jingine.

Je, kazi ya mtu ni mali yake?

Wapo wanaouliza: filamu si ng'ombe wala shamba. Nikiinakili, mwenyewe bado anayo. Nimeiba nini? Swali hili si la kipuuzi, na wanazuoni wamelijadili. Wapo waliosema kwamba elimu na kazi za akili hazifungiwi mlango. Lakini katika mafundisho ya madhehebu yetu ya Shafi'i, na ya Maliki na Hanbali pia, manfaa huhesabiwa kuwa ni mali. Ndiyo maana tunalipa kodi ya nyumba. Anayekaa katika nyumba ya mtu kwa mwezi mzima bila ya idhini wala kodi, kisha akatoka akaiacha kama ilivyo, hakuchukua tofali hata moja, lakini hakuna kadhi atakayesema kwamba hakudhulumu.

Baraza la Kimataifa la Fiqhi, lililo chini ya Jumuiya ya nchi za Kiislamu, lilikutana Kuwait Desemba 1988 na kupitisha azimio juu ya jambo hili. Liliamua kwamba jina la biashara, alama yake, haki za utunzi na haki za ugunduzi ni haki makhsusi za wenyewe, kwamba ada za watu wa zama hizi zimezipa thamani ya fedha, na kwamba sheria ya Kiislamu inazilinda, hivyo haijuzu kuzivamia. Tangu hapo wengi wa wanazuoni wa zama zetu wameufuata mwelekeo huo.

Sheria za nchi nazo zinasema vivyo hivyo. Kenya ilijiunga na Mkataba wa Berne mwaka 1993 na Tanzania mwaka 1994, nao ni mkataba wa tangu mwaka 1886 unaozitaka nchi wanachama kuilinda kazi ya mgeni kama zinavyoilinda ya mwenyeji. Tanzania Bara ikatunga Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki mwaka 1999, Kenya ikatunga yake mwaka 2001, na Zanzibar mwaka 2003. Mwaka 2013 Mamlaka ya Mapato Tanzania ikaanza kubandika stempu za kodi katika kazi za muziki na filamu, lengo moja likiwa ni kumtambua muuzaji wa halali.

Nyudhuru tunazozisikia

Udhuru wa kwanza: "Hizo ni kampuni tajiri za Wamarekani, tena si Waislamu." Tunawakumbusha wenye kusema hivi kisa cha Hijra. Makureshi walikuwa wakimtaka roho Mtume (S.A.W.), na amana zao zilikuwa mikononi mwake. Alipohama hakuondoka nazo. Alimwacha Sayyidna Ali (R.A.) Makka ili amrudishie kila mtu chake. Ikiwa mali ya adui aliyechomoa upanga ilirudishwa, vipi iwe halali kwetu mali ya mchoraji wa California ambaye hata hatujui? Tukumbuke pia kwamba filamu moja ya katuni huchukua miaka kadhaa na mamia ya wafanyakazi, wengi wao wakiwa ni watu wa mishahara wenye watoto kama sisi.

Udhuru wa pili: "Sisi tunatazama tu, hatuuzi." Ni kweli kwamba anayeuza ana dhambi kubwa zaidi. Lakini soko la vitu vya wizi haliishi bila ya mnunuzi. Na waliolia kwa sababu ya soko hili si Wamarekani peke yao. Wasomaji wa qaswida, waimbaji wa taarabu, watengenezaji wa filamu zetu za Kiswahili, hata mashekhe waliorekodi mawaidha yao kwa gharama, wote wameona kazi zao zikinakiliwa na kuuzwa siku ya pili baada ya kutoka. Mkono ule ule unaomnakilia mtoto wako katuni ndio uliomnyima msomaji wa qaswida wa mtaani kwako fedha za kulipa studio. Hatuwezi kuusifu mkono huo leo na kuulaani kesho.

Udhuru wa tatu: "Hatuna njia nyingine, kwa hiyo ni dharura." Kanuni ya dharura tunaijua, nayo ni rehma. Lakini dharura ni mtu kuhofia uhai wake au kiungo chake. Hakuna mtoto aliyekufa kwa kukosa katuni.

Udhuru wa nne: "Bei ni kubwa." Hapa tunawaelewa wazazi, na ndiyo maana tunataka tuzitaje njia moja moja.

Njia zilizo wazi

Ya kwanza ni jumba la sinema, kwa walio Dar es Salaam, Nairobi na miji mingine yenye majumba hayo. Kwa familia yenye watoto wanne gharama yake si ndogo, basi iwe ni zawadi ya Idi au ya kufaulu mtihani, si ya kila wiki. Mzazi aingie nao mwenyewe, na kabla ya hapo atazame daraja lililotolewa na bodi ya filamu ya nchi yake, kwani si kila katuni inamfaa kila mtoto. Akina Shrek wenyewe wana mizaha ambayo mzazi angependa kuisikia kwanza yeye.

Ya pili ni huduma za kulipia kwa mwezi. Wengi hawajui kwamba aghalabu mtu hafungwi mwaka mzima. Anaweza kulipia mwezi mmoja ambao ndani yake mna filamu anayoitaka, kisha akasitisha. Kabla ya kulipa, ahakikishe kwamba filamu hiyo imo katika orodha ya nchi yake, kwa sababu orodha ya Kenya huenda isiwe ya Uingereza. Na akilipia kwa ajili ya nyumba yake, masharti aliyoyakubali ni mkataba, na tumeamrishwa kuitimiza mikataba. Kuigawa nywila yake kwa mtaa mzima si ukarimu, maana anagawa kisichokuwa chake.

Ya tatu ni kununua au kukodi filamu moja moja katika maduka ya mtandaoni yanayotambulika, pale yanapohudumia nchi yetu. Kwa anayetaka filamu moja tu kwa mwaka, hii huenda ikawa nafuu kuliko zote.

Ya nne ni diski halisi. Ndugu aliyeko Maskati au London anaweza kuja na DVD iliyonunuliwa kwa haki, na akaitoa zawadi. Ila ajue kwamba diski hizo zimegawiwa kanda: Marekani ni kanda ya 1, Ulaya na nchi za Ghuba ni kanda ya 2, na sehemu kubwa ya Afrika ni kanda ya 5. Deki ya nyumbani huenda ikaikataa diski ya kanda nyingine, kwa hiyo atazame alama iliyo nyuma ya kasha kabla hajalipa.

Ya tano, na ndiyo ya watu wengi, ni kungoja. Filamu hatimaye hushuka bei, kisha hufika katika televisheni.

Ipo njia moja inayoulizwa sana na vijana, nayo ni ile ya programu za VPN zinazouficha mahali alipo mtu ili aonekane yuko nchi nyingine. Programu hizo zina kazi zake za halali, kama vile kulinda siri za ofisi. Nchini Tanzania, Oktoba 2023 Mamlaka ya Mawasiliano iliwataka wanaozitumia wajisajili. Ama kuzitumia kwa kuidanganya huduma kwamba mtu yuko Marekani ilhali yuko Tandika, sisi tunaona kuna uongo na kuvunja sharti alilolikubali, hata kama amelipa. Si sawa na aliyeiba, lakini si mahali pa kumfundishia mtoto ukweli.

Tunaongeza tanbihi kwa walimu wa madrasa na wenye vibanda. Malipo ya nyumbani ni ya nyumbani. Kuwakusanya watoto mia moja ukumbini na kuwaonyesha filamu ni maonyesho ya hadhara, nayo yanahitaji idhini ya mwenye filamu na kibali cha mamlaka zinazohusika. Nia njema ya kuwafurahisha mayatima siku ya Idi haiondoi haki ya mtu.

Kinachobaki kwa mtoto

Ndugu wazazi, mtoto umleavyo ndivyo akuavyo. Mtoto wako ataisahau katuni baada ya mwezi mmoja. Hatasahau kwamba baba yake alimpa kijana wa kibandani noti, akasema "niwekee ile mpya, usijali ya wizi". Siku atakapopewa ufunguo wa ghala la mwajiri wake, au karatasi ya mtihani iliyovuja, atakumbuka kwamba nyumbani kwao cha mtu kilikuwa halali ilimradi mwenyewe yuko mbali na hatajua.

Kadhalika, tutazame mahali tunapompeleka mtoto tunapomwambia "itafute mwenyewe kwenye intaneti". Kurasa za filamu za wizi haziishi kwa sadaka. Nyingi huishi kwa matangazo ya kamari, ya picha za uchi na ya programu za kuiba taarifa za simu. Mtoto aliyekwenda kutafuta zimwi la kijani hukutana na mazimwi mengine ambayo mzazi hakuyatarajia.

Basi tunapendekeza jambo jepesi. Mtoto anapokuja na habari ya filamu mpya, tusimkaripie wala tusimkimbilie. Tukae naye, tutafute pamoja kama habari ni ya kweli. Ikiwa si ya kweli, tumwonyeshe uongo ulipo. Ikiwa ni ya kweli, tuiandike tarehe ukutani, tumpe mkebe aweke akiba yake mwenyewe kidogo kidogo. Na tarehe ikisogezwa, kama tulivyoona ikisogezwa mara mbili, tutakuwa tumepata somo la subira ambalo hatukulilipia chochote. Siku filamu itakapofika, ataitazama kwa fedha yake, na ataijua ladha ya kitu cha halali.

Tunamuomba Allah (S.W.) atutosheleze kwa halali yake mbali na haramu yake, na awajaalie watoto wetu wawe waaminifu mbele ya watu na wanapokuwa peke yao na simu zao. Wabillahi tawfiq.